Roekiah: nyota aliyekufa kabla filamu za Indonesia hazijaanza kuhesabiwa

Kila tarehe 30 Machi Indonesia huadhimisha Siku ya Filamu ya Taifa, na tarehe hiyo haikuokotwa tu. Ndiyo siku ambayo mwaka 1950 mwongozaji Usmar Ismail alianza kupiga picha za Darah dan Doa, filamu iliyotengenezwa na Waindonesia, chini ya kampuni yao, kuhusu vita vyao wenyewe vya kuikomboa nchi. Mwaka 1999 Rais B. J. Habibie aliipa siku hiyo hadhi rasmi, na tangu hapo simulizi la sinema ya Indonesia limekuwa na mwanzo unaojulikana na kila mtu. Hesabu ya namna hii ina mantiki yake. Ina gharama pia, na aliyeilipa zaidi, kwa maoni yangu, ni mwanamke ambaye kufikia Machi 1950 alikuwa kaburini kwa zaidi ya miaka 4, na ambaye miaka michache kabla ya hapo jina lake peke yake lilitosha kujaza majumba ya sinema ya Java na kuvuka bahari hadi Malaya.

Mwanamke huyo ni Roekiah. Alizaliwa Bandung tarehe 31 Desemba 1917 na kufariki Jakarta tarehe 2 Septemba 1945, akiwa na umri wa miaka 27. Katika muda usiozidi miaka 5 aliigiza filamu 8 za hadithi, kisha moja ya propaganda chini ya Wajapani. Wanaomkumbuka humtaja kwa mojawapo ya njia mbili: ama kama kivuli cha mwigizaji fulani wa Hollywood, ama kama mama kijana aliyeuawa na taabu za vita. Njia zote mbili zinamdhulumu, kwa kuwa zote mbili zinaficha jambo la msingi kuliko yote, yaani kwamba alikuwa fundi wa kazi yake kabla hajaiona kamera, na kwamba sinema ilipomchukua ilichukua mtu ambaye jukwaa lilikuwa limekwisha kumkamilisha.

Ili kulielewa hilo inabidi turudi kwenye makundi ya opera ya Java. Tangu August Mahieu alipoanzisha Komedi Stambul mjini Surabaya mwaka 1891, visiwa vile vilizoea makundi ya maonyesho yaliyohama kutoka mji hadi mji yakiwa na mapazia, vyombo vya muziki, mavazi na familia nzima za waigizaji. Onyesho moja lilichanganya hadithi za Alfu Lela Ulela, visa vya mapenzi, vichekesho na nyimbo zilizoimbwa kati ya tendo moja na jingine wakati mandhari ya jukwaa yakibadilishwa. Mwigizaji aliyeshindwa kuimba hakuwa na nafasi kubwa, wala mwimbaji aliyeshindwa kuigiza. Kufikia miaka ya 1920 makundi makubwa kama Orion na Dardanella yalikuwa na nyota wa kike ambao picha zao zilibandikwa kwenye mabango, na Miss Riboet alikuwa maarufu kiasi kwamba kundi lake lilijulikana kwa jina lake. Wakati huo, mtoto wa kike aliyelelewa ndani ya kundi alikuwa akijifunza kazi ambayo hakuna shule yoyote ya koloni la Waholanzi, kama Indonesia ilivyokuwa wakati huo, iliyokuwa ikiifundisha.

Roekiah alikuwa mtoto wa namna hiyo. Baba yake, Mohammad Ali, alikuwa mtu wa kisiwa cha Belitung aliyewahi kufanya kazi katika kampuni ya mafuta huko Palembang kabla ya kujiunga na kundi la Opera Rhoos. Mama yake, Sitti Ningsih, alikuwa Msunda, wa kabila la magharibi mwa Java, naye pia mwigizaji wa kundi hilo. Mtu angedhani wazazi wa aina hiyo wangemsukuma binti yao jukwaani mapema. Mambo yalikuwa kinyume. Inasimuliwa kwamba alipofikisha miaka 7 aliomba kuigiza, ndugu wakapinga, naye akambembeleza mama yake amruhusu walau mara moja. Mama alikubali kwa sharti kwamba iwe hiyo moja tu. Baba, ambaye hakuwa na habari ya makubaliano hayo, alipogundua alikasirika na kutaka binti yake asiimbe tena mbele ya watu. Lakini mtoto hakuacha kuomba mpaka wazazi wakachoka kukataa.

Sioni kisa hicho kama cha kufurahisha tu. Wazazi waliokuwa wakiishi kwa kazi hiyo ndio waliokuwa wakiiogopa kwa ajili ya mtoto wao, kwa kuwa waliijua sifa mbaya iliyowaandama waigizaji wa kike. Hadhira iliwashangilia usiku, na mchana jamii ikawatazama kama wanawake wasio na pa kushika. Roekiah aliingia kazini akiwa anaijua bei yake, na yote yaliyofuata yaonekane kwa mwanga huo. Hakuna mtu aliyemwokota barabarani.

Kufikia mwaka 1932 alikuwa amekwisha kujulikana Batavia, Jakarta ya leo, kama mwimbaji na mwigizaji wa jukwaa. Alijiunga na kundi lililoitwa Palestina, na humo akakutana na Kartolo, mpiga piano. Walioana mwaka 1934 na kupata watoto 5. Ndoa hii ilikuwa pia ushirika wa kazi. Tangu siku hiyo wawili hao waliajiriwa pamoja, wakasafiri pamoja, wakaonekana katika filamu zilezile, Kartolo akichukua nafasi ndogo au za kuchekesha na kushughulika na muziki. Waandishi wa maisha ya nyota hupenda kumweka mume pembeni kama pambo; hapa tukimweka pembeni hatutaelewa namna Roekiah alivyoweza kuzaa watoto 5 na bado akafanya kazi karibu bila kupumzika. Kazi na nyumba vilikuwa kitu kimoja, kama ilivyokuwa kwa wazazi wake.

Sinema ya koloni lile, wakati huo, ilikuwa katika hali mbaya. Filamu ya kwanza ya hadithi, Loetoeng Kasaroeng, ilitengenezwa Bandung mwaka 1926 na wageni, na baada yake wazalishaji, wengi wao Wachina waliozaliwa huko, walihangaika kutafuta hadithi ambayo ingewavuta watazamaji kutoka kwenye filamu za Marekani na za Shanghai. Mwandishi wa habari Albert Balink alishirikiana na Mholanzi Mannus Franken kutengeneza Pareh, iliyotoka mwaka 1936. Ilikuwa filamu ya heshima, yenye mashamba ya mpunga, mila za wanakijiji na jicho la mtafiti anayetazama watu kwa mbali. Wazungu waliisifu. Ilikula takriban gulden 75,000, sarafu ya Waholanzi, fedha nyingi mno kwa wakati ule, na wenyeji hawakuonyesha hamu ya kulipa kiingilio ili kutazama wanavyolima.

Balink alijifunza haraka, na hilo lazima tumpe. Filamu yake iliyofuata, Terang Boelan, iliyotolewa na kampuni ya ANIF mwishoni mwa 1937, iliacha mpunga na kuchukua mapenzi, nyimbo na ngumi. Mwandishi wa hadithi alikuwa Saeroen, mwanahabari mwenyeji. Kamera na sauti vilishikwa na ndugu wawili Wachina, Othniel na Joshua Wong. Mambo yalitokea katika kisiwa cha kubuni kilichoitwa Sawoba, jina lililoundwa kwa herufi za mwanzo za Saeroen, Wong na Balink. Huo ulikuwa utani wa watengenezaji, lakini unatueleza hali halisi ya sinema ile kuliko ripoti yoyote: mwenyeji, Mchina na mtu wa jamii ya Kiholanzi wakigawana kisiwa kisichokuwapo.

Roekiah alicheza nafasi ya Rohaya, msichana anayetakiwa kuozwa kwa nguvu kwa Musa, mfanyabiashara wa afyuni. Rohaya anatoroka na mpenzi wake Kasim, aliyechezwa na Raden Mochtar, hadi Malaka, ambako Kasim anapata kazi katika gudi la meli. Wanagunduliwa, Rohaya anarudishwa, Kasim anafuata, ngumi zinapigwa, na kijiji kinapojua biashara ya Musa kinawaunga mkono vijana. Kwa mtazamaji wa opera, hakuna hata tukio moja lililokuwa geni hapo. Alikuwa ameliona mara nyingi jukwaani, likiwa na nyimbo katikati na mchekeshaji pembeni. Kilichokuwa kipya ni bahari ya kweli nyuma ya waimbaji na sura ya Roekiah ikijaza kiwambo.

Wachambuzi wengi husema Terang Boelan iliiga The Jungle Princess, filamu ya Marekani ya 1936 iliyompa umaarufu Dorothy Lamour. Ushawishi huo haukanushiki: kisiwa, mapenzi chini ya mwezi na wimbo uliobeba jina la filamu. Lakini kutoka hapo watu wakaruka moja kwa moja hadi kusema kwamba Roekiah alikuwa Lamour wa Indies, yaani wa koloni lile la Waholanzi, na hapo ndipo ninapotofautiana nao. Lamour alitambulika kwa sarong iliyofungwa kifuani, vazi ambalo Hollywood ililiazima Asia ya Kusini-Mashariki na kuliuza kama uzuri wa mwituni. Roekiah aliitazama kamera akiwa mwanamke wa mjini Batavia, mwenye wasifu wa jukwaani na sauti ya keroncong, muziki wa mitaa aliyoishi mtazamaji wake. Aliyenunua tiketi alikuwa akimwona mtu wa kwao akifanywa mkubwa, na kwa yule mwenyeji aliyekaa viti vya bei ya chini, hilo halikuwa likitokea mara kwa mara katika nchi iliyokuwa ikitawaliwa na Waholanzi.

Jambo moja dogo kuhusu nyimbo linastahili kutazamwa kwa karibu. Mochtar alikuwa na sura na kimo vya kuvutia, na cheo cha Raden, cha watu wa nasaba ya juu, mbele ya jina lake kiliifaidi kampuni kwenye matangazo, lakini sauti yake haikufaa keroncong. Ikabidi mtunzi Ismail Marzuki aimbe, na Mochtar afungue na kufunga mdomo kuufuata wimbo. Roekiah hakuhitaji mtu wa kumwazima sauti. Katika jozi hiyo iliyokuja kuitwa ya kwanza ya kimapenzi katika sinema ya nchi hiyo, mmoja alikuwa ameletwa kwa umbo lake na nasaba yake, na mwingine alikuwa ameleta ujuzi aliokuwa akiutumia tangu utotoni. Mabango yaliwaweka wawili hao sawa. Mizani ya kazi haikuwa sawa.

Filamu ilifanikiwa kupita matarajio. Huko Singapore na Malaya, ambako Kimalei chake kilieleweka bila shida, inatajwa kuwa iliingiza dola 200,000 za sarafu ya Straits, iliyotumika huko. Pamoja na hayo ANIF ikaamua kuachana na filamu za hadithi. Mtu anaweza kushangaa: kampuni inapata faida ya aina hiyo kisha inaufunga mlango? Lakini wakubwa wa ANIF walijiona kama watengenezaji wa filamu za habari na maelezo, na mafanikio ya vijana wanaoimba ufukweni hayakulingana na picha waliyokuwa nayo ya kampuni yao. Waigizaji wakabaki bila kazi wakiwa kwenye kilele cha umaarufu.

Hapo Kartolo akafanya kile ambacho mtu wa opera angefanya. Aliwakusanya waigizaji wa filamu ile, wakaunda kundi la maonyesho lenye jina la filamu, na kwenda nalo Singapore. Umaarufu uliozaliwa kwenye kiwambo ukarudi jukwaani kutafuta riziki. Ni ushahidi mzuri wa jinsi mipaka kati ya sanaa hizo mbili ilivyokuwa hafifu, na pia wa jinsi waigizaji hawa walivyojua kwamba sinema ni mwajiri asiyetabirika. Waliporudi, kampuni ya Tan's Film, mali ya ndugu wa ukoo wa Tan, iliwachukua karibu wote pamoja na ndugu wa Wong na mwandishi Saeroen.

Matokeo ya kwanza yalikuwa Fatima, mwaka 1938. Hadithi ilifuata kiolezo kilekile: kisiwa, mapenzi, mhalifu, nyimbo. Ilitengenezwa kwa gulden 7,000 na inatajwa kuwa iliingiza 200,000. Sasa tuziweke kando yake fedha za nyota mwenyewe. Kwa mkataba wa Tan's, Roekiah alilipwa gulden 150 kwa mwezi na Kartolo 50, mara mbili ya walichopata kwa Terang Boelan, na lengo la malipo hayo ya kila mwezi lilikuwa kuwazuia wasihamie kwingine. Kwa maisha ya wakati ule ziliwatosha kuishi vizuri, na sitaki kumfanya mtu aliyekuwa na hali nzuri aonekane maskini. Lakini hesabu ni nyepesi. Gulden 150 kwa miezi 12 ni 1,800 kwa mwaka. Faida ya Fatima peke yake ingemlipa Roekiah kwa zaidi ya miaka 100. Aliishi 7 baada ya hapo.

Hesabu hiyo nimeifanya kwa sababu historia za sinema ya nyakati hizo huandikwa kwa majina ya wenye kampuni na waongozaji, kana kwamba wao ndio waliobahatisha fomula. Fomula ilikuwa nini hasa? Hadithi zilikuwa za opera, muziki ulikuwa wa opera na wa mitaani, waigizaji walikuwa wa opera, hadhira ilikuwa ileile ya opera. Kampuni ilileta kamera, maabara na njia za usambazaji. Hayo si madogo, na bila ndugu wa Wong, mafundi wa hali ya juu waliofanya kazi kwa vifaa duni, kusingekuwa na lolote la kuonyesha. Hata hivyo, sehemu ghali kuliko zote ya biashara ile, yaani mtu ambaye hadhira tayari inampenda na anayejua kuimba, kulia na kuchekesha bila kufundishwa, ilikuja ikiwa imekwisha kulipiwa na miaka mingi ya safari za Opera Rhoos na Palestina.

Filamu zilizofuata sitazipitia moja moja. Gagak Item ya 1939 ilimweka Mochtar ndani ya barakoa, kwa mfano wa Zorro, shujaa wa barakoa wa filamu za Marekani. Siti Akbari ilifuata. Kisha mwaka 1940 Mochtar akagombana na Tan's kuhusu malipo na kuondoka, akaenda kampuni nyingine. Kwangu mimi huu ndio wakati wenye mafunzo mengi katika kazi yote ya Roekiah, kwa sababu ulikuwa jaribio ambalo hakuna aliyelipanga. Ikiwa siri ya mafanikio ilikuwa jozi, basi jozi ilikuwa imevunjika. Ikiwa ilikuwa umbo la Mochtar na cheo chake, Tan's ilikuwa imepoteza mtaji wake.

Tan's ilimweka Ismail Djoemala mahali pa Mochtar, mtu ambaye hadhira ya sinema haikumjua, na kuendelea. Sorga Ka Toedjoe ilitoka mwaka huohuo ikiwa na Roekiah, Djoemala na Kartolo. Filamu nyingine ya mwaka huo ikaitwa Roekihati, na mtu hahitaji kuwa mchambuzi kuona jina la nani limefichwa ndani ya jina hilo. Mwaka 1941 zilifuata Koeda Sembrani, iliyochota hadithi yake kwenye Alfu Lela Ulela, na Poesaka Terpendam. Kwa maneno mengine, mwanamume alibadilishwa na kampuni haikuyumba. Roekiah ndiye aliyekuwa nguzo, na wenye kampuni walilijua hilo kiasi cha kuliweka jina lake, au kitu kinachofanana nalo sana, juu ya mlango wa sinema.

Wasomi wa kizalendo wa wakati huo hawakuzipenda sana filamu hizi. Waliziona kama burudani ya watu wa tabaka la chini, zenye visa visivyoaminika na nyimbo zilizochomekwa popote. Ukosoaji huo ulikuwa na ukweli wake: nimesoma muhtasari wa kutosha wa visa hivyo kuweza kusema kwamba sadfa zinazobebeshwa mzigo wa hadithi ni nyingi kuliko mtu mzima anavyoweza kuvumilia. Lakini ukosoaji huo ulibeba pia dharau kwa watu waliokaa viti vya mbele kabisa, ambao watu wa daraja la juu waliviita kelas kambing, daraja la mbuzi. Roekiah alikuwa nyota wao. Taifa lilipokuja kuandika historia ya sinema yake, walioshika kalamu walikuwa warithi wa wakosoaji wale.

Machi 1942 Wajapani waliiteka Java, na karibu mara moja sinema ya kibiashara ikafa. Studio za Wachina zilifungwa. Uzalishaji ukawekwa chini ya chombo cha Kijapani, Nippon Eigasha, kilichotengeneza propaganda. Roekiah alionekana katika moja ya kazi hizo, Ke Seberang, mwaka 1944. Wengine watauliza kama hiyo haikuwa kushirikiana na mkaliaji wa nchi. Swali hilo huulizwa kwa wepesi na watu ambao hawajawahi kuwa na watoto wadogo chini ya jeshi la kigeni linalogawa chakula na vibali. Naongeza kwamba wanaume wengi waliofanya kazi za sanaa chini ya Wajapani, Usmar Ismail akiwa mmojawapo, waliheshimiwa baadaye kama waliotumia kipindi hicho kujifunza. Sioni kwa nini mizani iwe tofauti kwa mwimbaji wa opera.

Riziki yake kubwa wakati wa vita ilitoka tena jukwaani. Alizunguka na makundi ya maonyesho, likiwamo Bintang Soerabaja, akiburudisha raia na askari, mara nyingi chini ya amri kuliko kwa hiari. Mwaka 1945, muda mfupi baada ya kujifungua mtoto wake wa 5, aliugua. Kabla hajapona, mamlaka za Kijapani ziliwataka yeye na Kartolo wasafiri hadi Surabaya kwa maonyesho. Alijaribu kukataa, ikashindikana. Kutoka Jakarta hadi Surabaya ni kama kilomita 700 hivi kwa reli, katika Java ya mwaka wa njaa, na aliifanya safari hiyo akiwa na mwili wa mzazi mgonjwa. Aliporudi hali ilikuwa mbaya zaidi, na baada ya miezi ya matibabu alifariki.

Tarehe ya kifo chake ina ukatili wake. Siku ileile, 2 Septemba 1945, Japani ilitia saini hati ya kusalimu amri kwenye manowari ya Marekani katika Ghuba ya Tokyo. Indonesia ilikuwa imetangaza uhuru wake siku 16 kabla, tarehe 17 Agosti. Roekiah alizikwa Kwitang, Jakarta, na miongoni mwa waliohudhuria alikuwamo Ki Hadjar Dewantara, waziri wa elimu wa jamhuri ambayo haikuwa imefikisha hata mwezi mmoja. Serikali isiyo na fedha wala uhakika wa kuishi ilimtuma, au ilimwachia aende, waziri wake kwenye mazishi ya mwigizaji wa filamu za kibiashara za kampuni ya Wachina. Wakati huo, basi, kuna mtu wa ngazi ya juu aliyemhesabu kuwa wa taifa. Hesabu hiyo ilibadilika baadaye.

Kartolo aliwachukua watoto na kwenda Yogyakarta, ambako jamhuri ilihamishia makao yake wakati wa vita dhidi ya Waholanzi. Alifariki Januari 1949. Yatima hao walilelewa na Djoemala, yule yule aliyekuwa ameingizwa kwenye filamu kuziba pengo la Mochtar, tendo ambalo kwangu linasema zaidi kuhusu mshikamano wa watu wa opera kuliko sifa zozote za magazeti. Mmoja wa watoto, Rachmat Kartolo, aliyezaliwa mwaka 1938, alikuja kuwa mwimbaji na mwigizaji mashuhuri kwa haki yake mwenyewe.

Wenzake Roekiah waliosalimika walipata kile alichokikosa. Mochtar aliendelea kuonekana kwenye filamu kwa miongo mingi na kuishi hadi 1997. Fifi Young, aliyeingia kwenye filamu mwaka 1940 akitokea jukwaani, aliigiza hadi karibu na kifo chake mwaka 1975. Mwaka 1955, tamasha la kwanza la filamu la Indonesia lilipofanyika, tuzo ya mwigizaji bora wa kike ilikwenda kwa wawili, Fifi Young na Dhalia, wote wakiwa ni watu wa jukwaani walioanza filamu kabla ya Wajapani kuingia. Roekiah angekuwa na miaka 37. Siwezi kudai angeshinda, ila jambo moja liko wazi: hao wawili waliingia katika historia ya taifa kwa sababu waliishi kuvuka mstari wa 1950. Kipaji kilikuwa sharti; uhai ulikuwa sharti kubwa zaidi.

Kuna anayesema kwamba tatizo ni filamu zenyewe. Terang Boelan imepotea, kama zilivyopotea nyingi za kipindi hicho. Zilichapishwa kwenye utepe wa naitreti unaoshika moto kwa urahisi na kuoza katika joto na unyevu, na hadi Misbach Yusa Biran alipoanzisha Sinematek Indonesia mwaka 1975, nchi haikuwa na hifadhi ya filamu. Nalikubali hilo kwa nusu. Loetoeng Kasaroeng haionekani popote pia, lakini kila kitabu huitaja, kwa kuwa ina cheo cha kuwa ya kwanza. Kupotea kwa filamu kunaeleza kwa nini hatuwezi kuuona uigizaji wa Roekiah. Hakuelezi kwa nini picha za mnato, matangazo ya magazeti na mapitio ya wakati ule, ambavyo vimebaki, vimetumiwa kidogo hivyo kumchambua.

Chanzo, naamini, ni kipimo chenyewe cha utaifa wa filamu. Kikipima mtaji na nia ya mwongozaji, Usmar Ismail anafaulu na Tan's wanafeli, na Roekiah anafeli pamoja nao. Kikipima ni nani aliyeigiza, kwa lugha gani, na ni nani aliyetoa senti zake mlangoni, filamu zake zinafaulu bila taabu. Na hata tukikubali kuanza mwaka 1950, hatumkwepi. Karibu na wakati huohuo Djamaluddin Malik alianzisha kampuni ya Persari, ambayo ndiyo iliyokuja kuwa kubwa na ya kibiashara kuliko Perfini ya Usmar Ismail. Waigizaji wake wa mwanzo aliwatoa katika kundi lake la maonyesho, Pantja Warna, na miongoni mwa kazi za mwanzo za kampuni hiyo ilikuwa Sedap Malam, iliyoongozwa na Ratna Asmara, mwigizaji wa zamani wa Dardanella na mwanamke wa kwanza kuongoza filamu nchini humo. Persari ya taifa huru iliajiri kama Tan's ya koloni ilivyoajiri mwaka 1938: ilikwenda moja kwa moja kwenye kundi la opera, ikawachukua watu waliokwisha kuiva, na kuwasimamisha mbele ya kamera.